Baba Alisema Nisimtazame

Jioni ya msiba, vijana walifunga taa kubwa kwenye nguzo ya turubai, na vidudu vya ziwani vikaja kwa wingi kama moshi. Vilijigonga kwenye kioo cha moto, vikaungua, vikadondoka juu ya meza ya rambirambi. Harufu yake si ya nyama wala ya nywele. Ni ya kitu kikavu, kichungu kidogo, kama vumbi lililokaangwa. Wanawake walijifunika pua kwa khanga. Mimi nilivuta pumzi. Hiyo ndiyo ilikuwa harufu ya begi la baba, na ya shati lake lenye mifuko mingi. Baba alifanya kazi ya kamera maisha yake yote, na huku kwetu kanda ya ziwa, mwenye kamera na taa lazima anuke vidudu.

Nilikuwa sijalia bado, na watu walikuwa wameanza kunitupia macho. Binamu yangu akaja na picha aliyoikuza kutoka kwenye kitambulisho, ameiweka ndani ya fremu ya plastiki yenye rangi ya dhahabu.

"Dada, tuweke hii juu ya jeneza? Imemtoa vizuri?"

Nikaiangalia. Mwanamume mwenye paji pana, macho yamekaza kama yanavyokaza macho ya kila mtu kwenye picha ya kitambulisho. Nikasema inafaa. Lakini ukweli wa Mungu, sikujua kama imemtoa vizuri. Ningeletewa picha ya mwanamume mwingine wa rika lake, mwembamba, mweusi, ningesema vilevile kwamba inafaa. Mikono yake ningeitambua popote. Viatu vyake, kikohozi chake, namna alivyoibeba kamera begani kama mtu anayempeleka mtoto mgonjwa hospitali. Uso wake, hapana. Hapo ndipo nilipolia, na niliona shangazi zangu wanapumua. Walidhani nalia kwa sababu nimeona picha ya baba yangu. Nililia kwa sababu sikuwa na hakika kama ni yeye.

Nililelewa Igogo, Mwanza, kwa shangazi Milembe, dada mkubwa wa baba. Mama alikuwa ameolewa kwingine, huko Geita, na sikumdai chochote. Shangazi alikaanga mapanki kando ya njia ya kwenda relini, yale mabaki ya sangara yenye kichwa na mifupa ambayo sisi tuliyaona ndiyo samaki mwenyewe. Nguo zangu za shule zilinuka mapanki, daftari zilinuka mapanki. Nilikuwa mtoto mmoja tu ndani ya nyumba ile. Wenzangu walikuwa na ndugu wa kugombana nao. Mimi nilikuwa na redio na kuku wa jirani.

Nikiuliza baba atakuja lini, jibu lilikuwa moja. "Baba yako hana nafasi." Nilikuwa mdogo, na neno nafasi nililijua kwa maana ya mahali pa kukaa. Kwenye benchi la kanisani watu walisema, "Sogea, mpe mwenzako nafasi." Kwa hiyo nilidhani huko Dar es Salaam baba anaishi mahali palipojaa mno, amebanwa na watu ubavuni, na siku watakaposogea kidogo, ataniita.

Habari za kazi yake nilizipata kwa shangazi, na shangazi hakuwa shabiki. Baba alianzia kwenye studio moja ya Mirongo, akipiga picha za pasipoti. Baadaye akapewa kamera ya video, akaanza kupiga harusi. Huko ndiko alikoharibikiwa, kwa maneno ya shangazi.

"Baba yako akikuta bibi harusi anakata keki, yeye yuko nyuma ya nyumba anapiga akina mama wanaomenya ndizi," aliniambia, huku anageuza samaki. "Watu wamempa kazi, wanataka kujiona wamependeza. Siku ya kuangalia kanda, ukoo mzima umekaa, wameagiza na soda. Wanaona nini? Sufuria! Mvuke! Mgongo wa baba mkwe! Yule mama wa bwana harusi alikuja hapa hapa nilipo mimi. 'Dada Milembe, kaka yako tumempa apige harusi, amepiga masufuria.' Nikamwambia, mama, hata mimi kamera yake ile siielewi." Shangazi alisema "kamela". L na r kwake zilikuwa ndugu.

"Sasa kwa nini alipiga mgongo?"

"Nilimuuliza. Akaniambia, 'Dada, mtu usoni anajipanga. Mgongo haujui kujipanga.' Ndiyo majibu hayo? Mgongo!"

Kwa hiyo harusi zikapungua, naye akaenda Dar kwenye filamu, ambako alisikia kuna watu wanaoelewa migongo.

Halafu siku moja, wakati wa vidudu, shangazi alinikalisha. Alikuwa amenisuka upya, na nilijua kuna jambo, maana haikuwa Jumamosi.

"Kabula. Baba yako anakuja. Wanakuja kupiga filamu hapa hapa ziwani, na yeye ndiye mwenye kamera. Atalala hapa. Sasa sikiliza. Akimaliza kazi, kama mtakuwa mmezoeana, anakuchukua ukakae naye Dar."

"Kuzoeana vipi?"

"Uwe mtoto mzuri. Analosema ufanye, asirudie mara mbili. Baba yako hapendi kurudia maneno."

Sikulala vizuri tena mpaka alipofika. Nilifanya mazoezi ya kusalimia. Nilifanya mazoezi hata ya kubeba begi.

Alifika alasiri. Nilisikia kikohozi nje, nikatoka, nikapiga goti kama nilivyofundishwa, macho chini. "Shikamoo baba." Niliona viatu vyeusi vya kamba, vumbi jekundu, na mguu mmoja umegeuka kidogo kwa ndani. "Marahaba, mama," alisema. Mimi nilirithi jina la mama yake, kwa hiyo aliniita mama. Kisha akanishika kidevu kwa vidole viwili, akanigeuza uso kuelekea mlangoni, taratibu, kama mtu anayekagua kikombe kama kina ufa.

"Uso wako unapokea jua," akasema.

Nikainua macho kumwona aliyesema. Jua la alasiri lilikuwa nyuma yake, na sikuona kitu isipokuwa umbo jeusi lenye masikio mekundu. Jua lilikuwa limepenya masikio yake kama linavyopenya papai. Ndiyo kumbukumbu yangu ya kwanza ya uso wa baba, masikio mawili yanayowaka na katikati giza.

Alikuwa na tabia ambazo sikuzielewa. Akiingia chumbani, kabla ya kukaa, alinyoosha kiganja mbele yake na kukigeuzageuza polepole. Nilidhani anaomba. Siku moja nilimwona anafanya hivyo uani, nami nikainamisha kichwa nikasema amina. Alicheka mpaka akakohoa. Akaniita, akaninyooshea kiganja changu, akakigeuza. "Angalia. Huku jua linapiga kofi. Huku linapapasa. Mimi kazi yangu ni kutafuta linapopapasa." Wenzake wa kazi walimwita Subiri, kwa sababu ndilo neno alilotumia kuliko yote. Wote wakiwa tayari, waigizaji wamejipaka poda, wamesimama, yeye anatazama mbingu anasema, "Subiri. Lile wingu lifike." Jua la mchana hakulipenda kabisa. Alisema linamfanya kila mtu aonekane ana deni.

Siku ya pili alikivua chandarua changu kitandani. Shangazi alimkuta anakikunja.

"Wewe unakwenda wapi na hicho?"

"Nakwenda kazini nacho, dada. Kuna dirisha linaingiza jua kali mno. Nikikitandaza pale, jua linapoa."

"Kwa hiyo mtoto aliwe na mbu, wewe ulivike jua chandarua!"

"Nitakirudisha."

"Jua linaumwa malaria, siyo? Haya. Kalifunike, lisije likatetemeka."

Nililala bila chandarua siku zote alizokuwepo, na niliumwa na mbu kwa fahari. Nilikuwa nimechangia.

Filamu yenyewe ilikuwa na hadithi ndogo. Mtoto wa kike anakaa kwenye mawe ya ziwani kila siku akimsubiri baba yake anayetakiwa kurudi na meli. Mtoto wa kuigiza waliyemleta kutoka Dar alikuwa amevaa vizuri na alijua kulia akiambiwa alie. Ila hakuna aliyemweleza kuhusu mijusi. Mawe yetu yana mijusi wenye vichwa vyekundu, wanaopiga pushapu juani kama askari. Yule mtoto alipoona wa kwanza alipiga yowe, alipoona wa pili akakimbilia kwenye gari, na hakutoka. Mwongozaji, jamaa mmoja mnene waliyemwita Bosi, alitupa kofia chini.

"Nitafutieni mtoto wa hapa! Mtoto asiyeogopa mijusi!"

Mimi nilikuwa nimekaa pembeni nimebeba chupa ya chai ya baba. Nilisikia baba anasema neno moja, bila kugeuka, jicho likiwa kwenye kamera.

"Ninaye."

Nimesikia mambo mengi mazuri maishani. Nimeambiwa napendwa, nimeambiwa nimejifungua salama. Sikumbuki neno lililoniingia kama lile.

Walinivika gauni la yule mtoto. Nikapanda juu ya jiwe, likawa la moto matakoni, maji chini yananuka magugu na mafuta ya boti. Kazi yangu ilikuwa ndogo. Nikae, nitazame ziwa, basi. Lakini nilikuwa sijapata kuwa mahali pamoja na baba kwa muda mrefu hivyo, na yeye ananitazama. Kila Bosi aliposema "Tunaanza," macho yangu yalirudi yenyewe kwenye kamera, kwa baba. "Kata!" Tunaanza. "Kata! Huyu mtoto anatazama kamera!" Tunaanza. "Kata! Subiri, huyu ni mtoto wako au ni mtoto wa kamera?" Watu wakacheka. Mimi nikaanza kutetemeka kidevu.

Baba aliacha kamera, akaja, akachuchumaa maji yakifika kwenye viatu. Aliongea chini chini, mimi peke yangu nisikie.

"Mama. Sikiliza. Usinitazame. Ukinitazama mimi, kazi yote inaharibika. Na usioneshe kwamba unajua nipo. Jifanye sipo. Umenielewa?"

"Ndiyo baba."

"Ukiweza hilo, umeweza yote."

Akavua kofia yake, akaitundika kwenye mti uliochomekwa majini, mbali kidogo, upande wa kushoto. "Tazama kofia." Nikatazama kofia. Nilitazama kofia ile mpaka ikaanza kuogelea machoni. Bosi akasema, "Safi!" Na mimi nikajua nimeshika siri ya kupelekwa Dar.

Nadhani mmeshaona nilichofanya. Hakuna aliyeniambia kwamba amri ile ilikuwa ya pale kwenye jiwe tu. Baba hapendi kurudia maneno. Kwa hiyo sikumtazama. Sikumtazama kwenye mawe, sikumtazama njiani kurudi, sikumtazama mezani. Akiniuliza kitu nilijibu nikitazama ukuta wa kushoto, kwa sababu kushoto ndiko kofia ilikokuwa. Akikaa uani, nilipita karibu yake kama anayepita karibu na mti. Jifanye sipo. Nilijifanya hayupo kwa nguvu zangu zote, na usiku nilihesabu kimya kimya kama nimekosea mahali.

Kwa watu wengine kosa kama hilo lingeonekana haraka. Mtoto hamtazami baba yake, kuna nini? Lakini kwetu mtoto wa kike anayeinamisha macho mbele ya mkubwa anasifiwa. Majirani walikuja kumsalimia baba, wakaniona. "Huyu mtoto ana adabu, jamani. Milembe umelea." Shangazi akajaa sifa. Nami nikiona shangazi amefurahi, nikazidisha.

Jioni moja, kazi ikielekea mwisho, alinunua biskuti, akakaa kwenye kigoda kunikabili. Alikuwa mpole kuliko siku zote. Alikunja vidole akafanya kama dirisha, akanichungulia ndani yake.

"Nikufundishe kitu cha kazi yangu? Mtu akitazama kushoto, kushoto huko umwachie nafasi. Usimbane. Ukiweka ukuta mbele ya macho yake, hata anayeangalia picha atakosa pumzi. Pale anapotazama ndipo panapoachwa wazi."

"Ndiyo baba," niliuambia ukuta.

"Nafasi hiyo si tupu. Watu wanadhani ni tupu. Umenielewa?"

"Ndiyo baba."

Redio ya jirani ilikuwa inatangaza vifo. Kisha akaniuliza, "Mama, unapenda kwenda kukaa na mimi Dar?"

Swali lenyewe lilikuwa limefika, na mimi nilikuwa nimefanya kila kitu sawasawa. Nilijikaza shingo isigeuke. Nilijua huu ndio mtihani wa mwisho, kwamba nikishindwa hapa, nikageuka tu kidogo, yote yameharibika.

"Napenda," nikasema, kwa sauti ndogo, macho kwenye ukuta.

Sikuona alichofanya na uso wake. Niliona vidole vyake vinafunga karatasi ya biskuti, vinaikunja, vinaikunja tena, mpaka ikawa kipande kidogo kama jino. Akakiweka mfukoni, akainuka.

Waliondoka asubuhi, gari likiwa limejaa masanduku. Chandarua kilikuwa kimerudishwa kitandani, kimetobolewa na misumari kwenye pembe, kinanuka vidudu vilivyoungua. Nilisimama mlangoni na mfuko wangu wa nguo. Shangazi alinipokonya ule mfuko taratibu, akasema, "Baba yako kwa sasa hana nafasi." Nikafikiri, basi wale watu hawajasogea.

Filamu ile niliiona baadaye kwenye banda la video, jirani na reli, watoto tumebanana kwenye mabenchi. Wenzangu walipiga kelele nilipotokea. "Kabula! Kabula wa mapanki!" Mimi nilishangaa. Nilikuwa mdogo sana, nimewekwa pembezoni kabisa mwa skrini, upande wa kulia, na kushoto kote ni maji, maji yenye mwanga laini, hakuna kitu. Kijana mmoja akasema aliyepiga kamera hakujua kazi, amemkosa mtoto. Niliitafuta kofia. Haikuwepo. Baba alikuwa ameiacha nje kidogo tu ya picha, mahali ambapo mimi naiona na nyinyi hamuioni.

Baada ya hapo alipata kazi nyingi. Jina lake halikuandikwa kubwa, lilipita mwishoni watu wakiwa wameshanyanyuka. Lakini niliijua mikono yake. Nikiona filamu ambayo mama anaosha vyombo na kamera inakaa naye mgongoni, haimharakishi, nilijua. Nikiona chumba cha maskini ambacho jua la dirishani limepoa kama uji, nilijua kuna chandarua cha mtu hapo. Nikiona mtu amekaa peke yake upande mmoja na upande wa pili umeachwa wazi, nilizima, nikatoka nje.

Alikuja mara chache. Nilikua, niliolewa, nikapata mtoto. Alikuja na zawadi, nikamsalimia nimepiga goti, macho chini, kwanza kwa amri yake, halafu kwa mazoea, halafu kwa aibu ya watu wawili ambao hawakuwahi kuanza. Alipougua alirudi Mwanza, akapanga chumba Mkolani. Nilikwenda kumfulia na kumpikia uji. Uso wake ulikuwa umevimba kwa maradhi, na hata nilipouchungulia akiwa amelala, nilijua sio ule. Nilikuwa nimechelewa. Macho yalikuwa yamepungua nguvu pia. Aliniuliza, "Mama, jua limefika wapi?" Nikamwambia, "Limefika kwenye kizingiti." Akasema, "Subiri, litaingia." Tukasubiri, mimi natazama kizingiti. Lilipoingia na kumfika miguuni, akageuza kiganja chake juu ya shuka.

Tulipomaliza kuzika, watu walipopungua, shangazi Milembe alikaa nami kwenye mkeka. Amezeeka, meno yamebaki ya mbele tu, lakini mdomo wake ni ule ule. Alikuwa anaikodolea picha ile ya fremu ya dhahabu.

"Yaani kaka yangu," akasema. "Angekuchukua wewe, angekuwa na mtu wa kumtunza mapema. Ila ulimkataa."

"Nilimkataa nani, shangazi?"

"Si baba yako. Wakati ule wa filamu. Alikuwa ameshatafuta hadi shule. Usiku wa mwisho alikuja kwangu jikoni, akaniambia, 'Dada, mtoto ananiogopa. Anasema anapenda kwenda, lakini hanitazami hata usoni. Nimejaribu kila upande. Anaona kama sipo. Nitamchukuaje mtoto ambaye kwake sipo?' Nikamwambia, kaka, hiyo ni adabu. Akasema, 'Hapana. Mimi kazi yangu ni nyuso. Huyu hanitaki, anaogopa kusema.'"

Nilishika mkeka kwa mikono miwili. Nilitaka kumweleza. Nilifungua mdomo, nikaona ni mwanamke mzee aliyechoka, amezika mdogo wake asubuhi, na kwamba nikimweleza, ataubeba naye mzigo huo. Nikasema, "Nilikuwa mtoto, shangazi."

"Ndiyo, ulikuwa mtoto," akasema. "Pokea chai."

Tangu siku hiyo nimefikiri sana, nikiwa nafua, nikiwa kwenye foleni ya maji. Mtu aliyesoma nyuso na migongo ya watu maisha yake yote, wangu alishindwa kuusoma. Simlaumu. Alisema mwenyewe kwamba mtu usoni anajipanga, na mimi nilikuwa nimejipanga kweli kweli, kwa ajili yake. Labda angenizunguka akaniangalia mgongo. Siwezi kusema kwamba nimepata amani. Nasema tu jinsi ilivyokuwa.

Mwezi uliopita nilikwenda studio moja Mirongo na kitambulisho chake. Nilitaka picha yangu mwenyewe ya kuweka nyumbani, ile ya fremu ya dhahabu ilibaki kwa binamu. Kijana wa kompyuta alikuwa mchangamfu, miwani juu ya kichwa.

"Shikamoo mama. Tumsafishe mzee? Naweza kumvika suti."

"Marahaba. Usimvike kitu. Ila nataka umweke upande wa kulia, na huku kushoto uongeze mahali patupu."

"Aa, nimekuelewa. Unataka nimuunganishe na mtu. Siku hizi tunafanya sana, marehemu na familia. Niletee picha ya huyo wa kushoto. Ni bibi?"

"Hakuna mtu. Acha wazi."

Akanitazama kwa juu ya kioo cha kompyuta. "Mama, nitakuambia ukweli, itaonekana kama nimekosea. Nikate?"

"Usikate," nikasema. "Hiyo ni nafasi."

Akatikisa kichwa, lakini alifanya. Aliifanya vizuri, hata ile rangi ya buluu ya kitambulisho aliivuta mpaka ukingoni, ikawa kama maji.

Nimeitundika kwenye ukuta wa sebuleni, mkabala na dirisha. Asubuhi ya kwanza nilinyoosha kiganja nikakigeuza, nikaona jua la pale linapiga kofi, nikafunga kipande cha chandarua dirishani. Nikasubiri lipoe. Lilipompata vizuri usoni, nikapiga goti sakafuni kama zamani, peke yangu, mlango nimeufunga.

"Shikamoo baba," nikasema, na nikainua macho.